Saladi ya Makaroni ya Kambo

Katika mji wa Lubumbashi, ndani ya komuni ya Kampemba, kuna mtaa uitwao Bel-Air. Jina hilo ni la Kifaransa, na maana yake ni hewa nzuri. Wakati wa mvua hewa yake ni nzuri kweli, lakini njia hujaa matope, na makala hupanda bei. Tena hata yakipatikana huwa yamelowa. Hutoa moshi mwingi na moto kidogo.

Siku moja ya mwezi wa kwanza, Jumamosi, Feza alibaki nyumbani pamoja na wadogo zake watatu na babu yao. Feza alikuwa msichana wa darasa la sita. Mama yake alikwenda sokoni kuuza mboga, na baba yake alikwenda kazini tangu alfajiri. Kabla ya kuondoka, Mama alimwambia, “Feza, leo utapika maharage na bukari. Tutarudi saa kumi, na baba yako atakuwa na njaa.” Akamwachia na fedha kidogo za kununua mafuta na vitu vya mchuzi.

Feza akaenda kutazama gunia la makala. Alilitikisa, akalipindua. Makala yaliyotoka hayakujaza hata mbabula moja. Umeme nao ulikuwa umekatika tangu jana usiku. Maharage makavu yanataka saa mbili au tatu motoni, na baada ya maharage kuna maji ya bukari. Feza akasimama hapo, gunia mkononi, hajui la kufanya.

Babu yao alikuwa ameketi karibu na mlango. Watoto walimwita Kambo, kama watu wa Lubumbashi wanavyowaita babu na nyanya zao. Umri wake ulikuwa umepita miaka 80, na macho yake hayakuona tena ila mwanga wa jua. Lakini masikio yake yalikuwa mazima, na pua yake ilikuwa nzima zaidi.

“Bibi yangu,” akasema, kwa maana ndivyo alivyozoea kumtania mjukuu wake, “mbona unatikisa gunia kama mtu anayetafuta faranga iliyopotea?”

“Makala yamekwisha, Kambo. Hayatoshi kuivisha maharage.”

“Yanatosha kuchemsha sufuria moja ya maji?”

“Maji tu? Ndiyo, yanatosha.”

“Basi yanatosha kupika chakula. Nenda dukani ulete makaroni nusu kilo. Ulete na malimau mawili, nyanya sita, tango moja, kitunguu na pilipili hoho moja. Mafuta usinunue ya mawese, nunua ya karanga au ya alizeti. Nitakufundisha saladi ya makaroni.”

Feza alishangaa. Hakuwahi kumwona babu yake akipika kitu chochote.

*

Kumbe Kambo alikuwa mpishi. Aliingia jikoni mwaka 1956, akiwa kijana mdogo, wakati Lubumbashi ilipoitwa bado Élisabethville. (Mji ulibadilishwa jina mwaka 1966.) Kwanza aliosha sahani, kisha akamenya mboga, na mwishowe akashika sufuria mwenyewe. Bwana wake alikuwa Mgiriki aliyefanya biashara ya samaki.

Wagiriki na Waitaliano walifika Katanga mapema sana. Reli kutoka kusini ilifika Élisabethville mwaka 1910, na kati ya watu waliokuja na kazi ya reli walikuwamo wengi wa mataifa hayo mawili. Baadaye Wagiriki wengine wakaenda Kasenga, penye mto Luapula, kilomita kama 200 kutoka mjini. Huko walinunua samaki kwa wavuvi wa Luapula na wa ziwa Mweru, wakawaweka katika barafu, wakawaleta mjini kwa malori. Samaki hao walilisha wafanyakazi wengi wa migodi. Wengine walifungua maduka. Katika maduka yao mtu aliona madebe ya mafuta ya zeituni, jibini nyeupe iliyowekwa katika maji ya chumvi, na makaroni ya kila namna: marefu, mafupi, na yaliyojisokota kama pembe.

Kwao ni kando ya bahari iitwayo Mediteranea. Bahari hiyo iko kati ya Ulaya, Afrika na Asia. Upande wa kaskazini kuna Ugiriki na Italia, upande wa mashariki kuna Lebanoni, na upande wa kusini kuna nchi za Afrika, yaani Misri, Libya, Tunisia, Aljeria na Moroko. Watu wa pwani zote hizo hawali sawasawa, lakini vitu vitatu huonekana karibu katika kila jiko lao: ngano, mboga mbichi, na mafuta ya zeituni. Mzeituni ni mti wa nchi kavu yenye mawe. Haupotezi majani yake, na huweza kuishi mamia ya miaka. Matunda yake hayaliwi kama yanavyotoka mtini, maana ni machungu mno. Hulowekwa kwanza katika chumvi. Lakini yakikamuliwa hutoa mafuta mazuri yasiyoganda upesi.

Makaroni ni unga wa ngano na maji, basi. Ngano yake ni ile ngumu, ambayo unga wake ni wa chengachenga na rangi yake ni ya manjano kidogo. Unga hukandwa, husukumwa katika matundu ya mashine, hukatwa, hukaushwa. Zamani, karibu na mji wa Napoli katika Italia, watu waliyatundika makaroni marefu juu ya miti kando ya barabara, kama nguo zilizofuliwa, yakauke kwa jua na upepo wa bahari. Yakikauka vizuri hukaa miezi mingi bila kuharibika. Ndiyo sababu yaliweza kusafiri kwa meli na kwa gari la moshi hata Katanga.

Nyanya nazo zina habari yake. Watu wengi hudhani nyanya ni za Italia tangu mwanzo. Sivyo. Nyanya zilitoka Amerika, zikaletwa Ulaya na Wahispania katika miaka ya 1500. Mahindi nayo yalitoka Amerika, na mihogo pia. Basi nyanya ya Mwitaliano na bukari ya mtu wa Katanga zote zilivuka bahari ileile, kila moja ikapata nyumba yake.

*

Feza aliporudi dukani alitaka kuwasha moto mara moja. Kambo akamzuia.

“Ngoja. Chakula hiki hakikai. Mama yako atarudi saa kumi; sisi tutaanza saa nane na nusu. Sasa osha mikono kwa sabuni, na kisu, na ubao, na bakuli kubwa.”

Wakati wa saa nane na nusu Feza alipanga makala katika mbabula, akayawasha, akateleka sufuria yenye lita nne za maji. Akaifunika, kwa kuwa maji yaliyofunikwa huchemka upesi na hula makala machache.

Maji yakaanza kutokota. Kambo hakuona, lakini alisikia kifuniko kinacheza. “Kabla ya makaroni, tia nyanya,” akasema. “Hesabu hata ishirini, kisha uzitoe kwa kijiko.” Feza akafanya hivyo. Ngozi za nyanya zilipasuka, akazimenya kwa vidole bila shida. Tango akalimenya kwa kisu. Kitunguu akakimenya na kukikata vipande vyembamba. Pilipili hoho haimenyeki, basi nayo aliitumbukiza katika maji yanayochemka, akahesabu tena.

“Kwa nini tunahangaika hivi?” akauliza. “Mboga hizi nimekwisha kuziosha.”

“Umeziosha kwa maji gani?”

“Ya kisima.”

“Ndiyo sababu,” akasema Kambo.

Vitu vinavyopikwa hupita motoni, na vijidudu vyake hufa. Vitu vya saladi havipikwi. Ugonjwa uliomo katika maji ya kuoshea hubaki juu ya mboga, na mboga huingia mdomoni. Ngozi ikitolewa, au ikipita katika maji yanayochemka, hatari hupungua sana. Huko Haut-Katanga kipindupindu huja zaidi wakati wa mvua, visima vinapoingiwa na maji ya chooni. Watu wa Lubumbashi wamekwisha kukiona zaidi ya mara moja.

Kitunguu Feza alikitia katika bakuli dogo, akakikamulia limau moja na kukinyunyizia chumvi kidogo. Limau huondoa ukali wa kitunguu. Hata vijidudu vya kipindupindu havipendi ukali wa limau. Lakini mtu asitegemee limau peke yake, maana limau si moto.

Maji yakachemka tena kwa nguvu. Kambo akaagiza vijiko viwili vya kulia vya chumvi. “Vyote viwili?” Feza akauliza. “Vyote viwili. Sehemu kubwa ya chumvi hiyo itamwagwa pamoja na maji. Makaroni yakinyimwa chumvi ndani ya maji, hayawezi kuipata tena baadaye; itabaki nje tu.” Kisha makaroni yakaingia, na Feza akayakoroga yasishikamane.

Juu ya paketi iliandikwa kwamba makaroni yaive kwa dakika 9. Dakika 9 zilipokwisha, Feza alishika sufuria kwa matambara. Kambo akasema, “Bado. Kwanza uma moja, unitazamie ndani.” Feza akaiuma nusu, akaitazama nusu iliyobaki. Katikati palikuwa na doa jeupe, dogo kama kichwa cha sindano.

“Umeona? Paketi ya Ulaya haijui mji wetu,” akasema Kambo akicheka.

Maneno hayo ni ya kweli, na mwalimu wa sayansi aweza kuyaeleza. Kando ya bahari maji huchemka yakifikia digri 100. Lakini Lubumbashi iko juu, mita 1,200 na zaidi kutoka usawa wa bahari. Huko juu hewa ni nyepesi, haikandamizi maji sana, basi maji huchemka yakifikia digri kama 96 tu. Hata mtu akiongeza makala hayazidi hapo. Kwa hiyo makaroni huhitaji dakika mbili au tatu zaidi. Kambo hakusomea mambo ya hewa. Aliyajua kwa meno.

Dakika 12 zilipotimia, doa jeupe lilikuwa limetoweka, na makaroni yalikuwa laini bila kuwa uji. Feza aliteka kikombe kimoja cha maji ya sufuria, akakiweka kando. Kisha akamwaga maji yaliyobaki kwa uangalifu, akizuia makaroni kwa kifuniko. Mvuke ukamjaa usoni.

Hapo ndipo alipotaka kukosea. Alijua kwamba saladi huliwa baridi, na makaroni yalikuwa moto sana. Pembeni palikuwa na ndoo ya maji ya kisima, maji baridi mazuri, meupe. Akainamia ndoo, akashika kata.

Kambo alisikia kata ikigonga ndoo.

“Feza! Acha!”

Sauti yake ilikuwa kali, hata mdogo wake mmoja akaanza kulia. Feza alisimama, kata mkononi, maji yakidondoka.

“Maji hayo yamechemshwa?”

“Hapana, Kambo.”

“Na makaroni hayo yatarudi motoni?”

“Hapana.”

Kambo akakaa kimya kidogo. Kisha akasema polepole, “Mwaka mmoja wa mvua kama huu nilimzika mdogo wangu. Alikuwa mtu mzima, mwenye nguvu kuliko mimi. Asubuhi alikuwa anacheka, usiku hakuweza kusimama. Maji yake yalikuwa meupe vilevile.”

Feza akarudisha kata mahali pake. Hakujibu neno.

Makaroni hayahitaji kumwagiwa maji ili yapoe. Feza aliyatandaza juu ya sinia safi, akayanyunyizia vijiko viwili vya mafuta, akayageuzageuza kwa kijiko. Mafuta huyazuia yasishikane, na upepo huyapoza. Yafunikwe kwa kitambaa chepesi kilicho safi, kwa sababu ya nzi. Katika robo saa yalikuwa ya uvuguvugu tu, na hivyo yanatosha. Saladi haitaki kuwa kama barafu.

Makala yalikuwa bado mekundu kidogo. Kambo akauliza kama kuna ndakala ndani ya nyumba. Zilikuwapo, kiganja kimoja, kavu, katika karatasi.

“Wagiriki walitia samaki wadogo wa chumvi,” akasema, “na zeituni nyeusi, na ile jibini nyeupe. Sisi hatuna zeituni, na jibini ni ghali. Lakini ndakala tunazo.”

Feza alizitoa vichwa, akaziosha katika maji ya moto, akazikausha juu ya kikaango mpaka zikawa ngumu na kunukia. Na hapa Kambo hakukosea. Ndakala za ziwa Tanganyika ni wa jamaa moja na sardini wa baharini, ingawa wanaishi katika maji yasiyo na chumvi. Mtu asiye na ndakala aweza kutumia sardini za kopo, au mayai ya kuchemsha, au maharage yaliyobaki tangu jana, ikiwa yamepashwa moto mpaka yachemke.

Mafuta ya mawese, ambayo Kambo aliyakataa, ni mafuta mazuri kwa sombe na kwa maharage. Lakini yakipoa huganda, hasa katika mji wa baridi kama Lubumbashi, na saladi yenye mafuta yaliyoganda hunata mdomoni kama mshumaa. Mafuta ya karanga na ya alizeti hubaki maji.

Sasa Feza alichanganya vyote katika bakuli kubwa. Kwanza kitunguu pamoja na limau lake, kisha vijiko vinne vya mafuta, na vijiko vitatu vya yale maji ya sufuria. Maji hayo yana wanga wa makaroni. Huyafanya mafuta na limau yashikane, yasikae mbalimbali. Akakoroga mpaka mchuzi ukawa mzito kidogo. Halafu nyanya zilizokatwa, tango, pilipili hoho, makaroni, na majani machache ya kivumbasi kutoka nyuma ya nyumba, yaliyopitishwa katika maji ya moto kama vile vingine. Ndakala zilitiwa mwisho zisilainike. Limau la pili likabaki mezani, kwa mtu apendaye ukali.

*

Mama alirudi saa kumi kasoro dakika chache, na Baba nyuma yake. Baba alitazama bakuli, akatazama mbabula iliyokwisha kuzimika.

“Bukari iko wapi?”

“Makala yalikwisha, Baba. Hiki ni chakula cha Kambo.”

“Chakula baridi?” Baba akauliza. Kwake yeye, kama kwa watu wengi wa Katanga, mtu asiyekula bukari hajala, na chakula baridi ni makombo.

Mama alikuwa amesimama, kikapu bado kichwani. “Kambo,” akasema, “miaka yote hii hukupika hata mara moja. Ulisema umesahau.”

“Sikusahau,” akajibu mzee. “Nilikipika kila juma katika nyumba ya yule Mgiriki. Nilikionja kwa ncha ya kijiko, nione chumvi, basi. Kisha nilikipeleka mezani, nikarudi nyuma, kwenye jiko, nikala bukari yangu. Mwaka 1973 Rais Mobutu aliposema maduka ya wageni yatolewe kwa wenyeji, bwana yule alikwenda zake. Mimi nikabaki na kazi isiyo na jiko. Mafuta yale, jibini ile, ningepata wapi? Na kupika bila vile vitu niliona kama ni kudanganya.”

“Na leo?”

“Leo makala yalikwisha.”

Watu saba waliketi. Desturi ya nyumba ilikuwa kumpakulia Kambo chakula chake peke yake pale mlangoni, kwa sababu ya macho yake. Feza hakumpelekea sahani. Alimshika mkono, akamwongoza mpaka kiti kilicho mbele ya meza, akampakulia wa kwanza.

Mzee alishika sahani kwa mikono miwili, akainusa. Akala polepole. Wote walimngoja, hata Baba. Feza aliona kwamba anatafuna kwa muda mrefu, kichwa kimeinama.

“Chumvi inatosha, Kambo?”

“Chumvi inatosha,” akasema. “Limau limezidi kidogo.”

Kisha akanyosha sahani aongezewe. Baba aliongezewa mara mbili, ingawa baadaye alisema kwamba kesho, makala yakipatikana, angependa bukari. Bakuli lilibaki tupu, na hilo lilikuwa jambo jema, kwa sababu umeme ulikuwa haujarudi, na saladi ya makaroni isiachwe nje ya friji zaidi ya saa mbili.

Usiku ule, kabla ya kulala, Kambo alimwita Feza. Akamwomba alete daftari, aandike samaki wa kuoka katika nyanya, na namna ya kuloweka zeituni, hata kama hakuna zeituni Lubumbashi.

Maulizo. Kwa nini Kambo alimkataza Feza kumwaga maji ya kisima juu ya makaroni, hali nyanya zilikuwa zimeoshwa kwa maji hayohayo? Kwa nini makaroni yanakawia kuiva Lubumbashi kuliko Matadi, iliyo karibu na bahari? Nusu kilo ya makaroni ililisha watu saba. Watu 21 watahitaji kilo ngapi? Tafuteni katika ramani bahari ya Mediteranea, mto Luapula na mji wa Kasenga. Nyumbani, mwulizeni mzee mmoja ni chakula gani alichojifunza kupika mbali na kwao.